Umeambiwa Damu Yako Imepungua? Fuata Hatua Hizi Kabla ya Kununua Vidonge

"Damu yangu ni 9, nile nini?" Swali hili halikauki, na huwa haliji peke yake. Juisi ya biti inaongeza damu? Vidonge vinanitia choo cheusi, niache? Nimemeza mwezi mzima na namba iko palepale, nifanyeje? Majibu yote yako hapa chini, ila kwa mpangilio tofauti na ule wa maswali, kwa sababu anayeanza na chakula ameanzia katikati.

Shika jambo moja tangu mwanzo. Upungufu wa damu ni dalili, si jina la mwisho la ugonjwa. Namba 9 inakuambia damu ni kidogo, lakini haikuambii imekwenda wapi. Ukikimbilia kula na kumeza bila kujua inakokwenda, unajaza maji kwenye ndoo iliyotoboka. Kwa hiyo kazi kubwa hapa ni kusoma cheti chako na kutafuta tundu. Daktari ndiye atakayeandika dawa. Wewe kazi yako ni kwenda kwake ukiwa na majibu na maswali ya maana.

Usiendelee kusoma, nenda hospitali sasa hivi, kama:

- unahema hata ukiwa umekaa, kifua kinauma, moyo unakwenda mbio bila sababu, au umezimia;
- unatapika damu, au unapata choo cheusi kama lami, kinachonata na kunuka vibaya, na hujameza vidonge vya chuma;
- damu ya ukeni inalowesha pedi nzima kila saa;
- macho yamekuwa manjano na mkojo umekuwa mweusi au mwekundu;
- Hb, yaani ile namba ya kiwango cha damu kwenye cheti, iko chini ya 8 kwa mtu mzima, au chini ya 7 kwa mjamzito au mtoto wa chini ya miaka 5;
- mtoto ana homa na viganja vyake vimepauka.

## Vitu vya kuwa navyo

Cheti cha picha nzima ya damu. Namba moja ya Hb iliyopimwa kwa tone la kidoleni haitoshi, maana haionyeshi ukubwa wa chembe, na ukubwa huo ndio ufunguo wa nusu ya mwongozo huu.

Vyeti vyako vya zamani, hata vya miaka iliyopita. Mtu aliyekuwa na 13 mwaka jana akawa na 9 leo ana habari tofauti kabisa na yule ambaye amekuwa na 10 tangu utotoni.

Orodha ya kila unachomeza: dawa za hospitali, za maumivu unazojinunulia, za kiungulia, mitishamba na virutubisho. Andika na unazoona hazihusu, kwa sababu hizo ndizo zinazohusu mara nyingi.

Kama unapata hedhi, andika miezi mitatu ya mwisho: siku ngapi, pedi ngapi kwa siku, mabonge yapo au hayapo.

Historia ya ukoo: kuna mwenye selimundu au talasemia, magonjwa ya damu ya kurithi? Kuna aliyewahi kuongezewa damu utotoni?

Na subira. Anayekuahidi damu kujaa kwa wiki moja anakuuzia kitu.

## Hatua ya 1: Hakikisha damu imepungua kweli

Himoglobini, inayoandikwa Hb, ni ile protini ya ndani ya chembe nyekundu inayobeba oksijeni. Hupimwa kwa gramu ndani ya desilita moja ya damu. Maabara nyingine huandika kwa lita, hivyo ukiona 90 usishtuke, ndiyo 9 ileile. Kwa mujibu wa mwongozo wa Shirika la Afya Duniani wa mwaka 2024, damu huhesabiwa imepungua ikiwa chini ya hapa:

- mwanamume: 13
- mwanamke asiye mjamzito: 12
- mjamzito: 11 katika miezi mitatu ya kwanza na mitatu ya mwisho, 10.5 katika miezi mitatu ya katikati
- mtoto wa miezi 6 hadi 23: 10.5
- mtoto wa miaka 2 hadi 4: 11
- mtoto wa miaka 5 hadi 11: 11.5
- mtoto wa miaka 12 hadi 14: 12

Hapa makosa ni mengi. La kwanza ni kuchanganya damu na presha. Kizunguzungu ukisimama ghafla kinaweza kuwa presha imeshuka huku damu yako imejaa tele. Vipimo ni viwili tofauti, na dawa ni tofauti. La pili ni kidole kilichokamuliwa. Tone likigoma kutoka, mpimaji akaminya kidole kwa nguvu, maji ya nyama huchanganyika na damu na namba hushuka. Jibu la kidole likikushangaza, omba damu ya mshipani. La tatu ni kujiamini kwa kutazama. Ndiyo, vuta chini kope ya jicho ukiwa kwenye mwanga wa jua, utazame ile nyama ya ndani: ikiwa nyeupe kama karatasi, damu imeshuka sana. Lakini upungufu mdogo hauonekani kwa jicho, na wekundu wa kope hauthibitishi kwamba uko salama.

Sigara na kuishi kwenye miinuko mirefu hupandisha Hb. Mvutaji mwenye 12.8 anaweza kuwa na pengo kubwa kuliko namba inavyosema.

## Hatua ya 2: Soma MCV, kisha namba zinazoizunguka

MCV ni ukubwa wa wastani wa chembe nyekundu. Kwa mtu mzima, kawaida ni 80 hadi 100. Watoto wadogo huwa na namba ya chini zaidi, kwa hiyo usiwapime kwa kipimo hiki.

Chini ya 80, chembe ndogo. Mshukiwa wa kwanza ni ukosefu wa madini ya chuma. Wa pili ni talasemia, hali ya kurithi. Mara chache ni ugonjwa wa muda mrefu au sumu ya madini ya risasi.

Kati ya 80 na 100. Huenda umepoteza damu karibuni, figo zimechoka, kuna ugonjwa wa muda mrefu mwilini, au kuna mambo mawili yanayofichana: upungufu wa chuma unaodogosha chembe na upungufu wa vitamini B12 unaozikuza, wastani ukaonekana mzuri.

Zaidi ya 100, chembe kubwa. Fikiria vitamini B12, asidi ya foliki, pombe, ini, tezi ya shingo, au dawa kama zidovudini, hidroksiyurea na methotreksati.

Kisha tazama RDW, inayoonyesha kama chembe zinalingana ukubwa. Mara nyingi mwisho wa kawaida ni kama 14.5. Ikipanda, chembe zako ni mchanganyiko wa kubwa na ndogo, na hiyo ndiyo inayomfichua yule wa "mambo mawili".

Tuchukue vyeti viwili tuvisome pamoja. Cha kwanza: Hb 8.4, MCV 68, idadi ya chembe nyekundu 3.9, RDW 19. Cha pili: Hb 11.4, MCV 66, chembe nyekundu 5.6, RDW 14. Vyote vina chembe ndogo, na watu wengi wangepewa vidonge vya chuma wote wawili. Lakini gawanya MCV kwa idadi ya chembe. Cha kwanza kinatoa takribani 17, cha pili takribani 12. Jibu likizidi 13, chuma ndicho kinachoshukiwa zaidi. Likiwa chini ya 13, talasemia inapanda juu ya orodha. Wa pili chembe zake ni ndogo ila ni nyingi na zinalingana, dalili kwamba mwili wake haukosi malighafi. Huenda alizaliwa hivyo. Kumpa chuma miaka nenda rudi hakumsaidii, na kunaweza kumrundikia chuma mwilini. Hesabu hii haithibitishi kitu. Inakuambia tu kipimo kipi cha kuomba baadaye.

Onyo kubwa la hatua hii: tazama pia chembe nyeupe na chembe sahani, zile zinazogandisha damu. Zikiwa zimeshuka pamoja na zile nyekundu, achana na habari za vidonge. Hilo ni suala la uboho, ile sehemu laini ndani ya mifupa inayotengeneza damu, au ugonjwa mkubwa zaidi, na unahitaji mtaalamu wa damu haraka.

Kipimo kimoja ambacho watu hawakiombi ingawa ni rahisi ni hesabu ya chembe changa, ziitwazo retikulosaiti. Zikiwa nyingi, uboho unafanya kazi vizuri na damu inapotea au inavunjwavunjwa. Zikiwa chache wakati Hb iko chini, uboho haupati malighafi au wenyewe unaumwa.

## Hatua ya 3: Pima akiba ya chuma

Kipimo ni feritini. Mtu mzima asiye na maambukizi akiwa chini ya 15, akiba imekwisha. Mtoto wa chini ya miaka 5 ni chini ya 12. Madaktari wengi huanza kutibu mtu mzima akiwa chini ya 30, na nadhani wana haki, kwa sababu feritini huanguka kabla Hb haijaguswa.

Mtego wake ni huu: feritini hupanda mwili ukiwa na homa, maambukizi au uvimbe wa muda mrefu, hata kama chuma kimekwisha. Ndiyo maana kwa mtu mzima mwenye maambukizi, kikomo hupandishwa hadi 70, na kwa mtoto mdogo hadi 30. Omba CRP, kipimo kinachoonyesha kama kuna maambukizi au uvimbe mwilini, ipimwe siku hiyohiyo ili ujue kama namba ya feritini ni ya kuaminika.

Usikubali kuhukumiwa kwa kipimo cha chuma cha kwenye damu peke yake. Namba hiyo hupanda na kushuka ndani ya siku moja, na ukimeza kidonge asubuhi ukapimwa mchana, itakudanganya kabisa.

Feritini haipatikani ulipo? Daktari anaweza kukupa chuma kwa wiki nne na kupima tena. Hb ikipanda kwa gramu 1 au zaidi, ukosefu wa chuma umejithibitisha. Njia hii haimfai mwenye selimundu au talasemia inayojulikana.

## Hatua ya 4: Tafuta inakokwenda

Hapa ndipo watu wanaporuka, halafu wanarudi baada ya miezi sita na namba ileile.

Hedhi. Wanawake wengi wenye hedhi nzito wanaamini ni ya kawaida kwa sababu mama zao nao walikuwa hivyo. Jiulize: inazidi siku 7? Pedi inalowa ndani ya saa moja au mbili? Unaamka usiku kubadilisha? Yanatoka mabonge yenye upana wa zaidi ya sentimita 2.5? Ukijibu ndiyo hata mara moja, damu yako huenda inakwenda hapo, na hedhi yenyewe inahitaji matibabu. Vivimbe vya mfuko wa uzazi hutafutwa kwa picha ya mawimbi ya sauti, na zipo dawa za kupunguza damu.

Tumbo na utumbo. Vidonda vya tumbo hutoa damu kidogo kidogo bila kelele. Diklofenaki, ibuprofeni na aspirini huvisababisha au kuvichokoza, na ndizo dawa ambazo watu husahau kuzitaja. Kanuni ambayo ningependa kila mtu aijue ni kwamba mwanamume yeyote, au mwanamke aliyekoma hedhi, akithibitika kukosa chuma, anastahili kuchunguzwa kwa kamera juu na chini, yaani tumboni na kwenye utumbo mpana, kwa sababu saratani ya utumbo inaweza kujitokeza kwa njia hiyo tu. Usitulizwe kwa neno "bawasiri" kabla mtu hajatazama ndani. Bawasiri na saratani vinaweza kukaa pamoja.

Minyoo na kichocho. Minyoo ya safura hujishikiza kwenye ukuta wa utumbo na kunyonya damu. Wakiwa wengi, wanamaliza akiba. Pima choo, na mkojo pia.

Damu inayovunjika. Malaria, selimundu, na upungufu wa kimeng'enya cha G6PD, ambapo dawa kama primakwini na dapsoni huvunja chembe ghafla. Ishara ni macho manjano na mkojo mweusi.

Isiyotengenezwa. Figo zikishindwa hazitoi homoni ya kuuamsha uboho, hivyo kreatinini, kipimo cha figo, ipimwe. Virusi vya UKIMWI, kifua kikuu na tezi ya shingo iliyolegea nazo zimo.

Chakula kinachopita bila kufyonzwa. Bakteria wa tumbo aitwaye Helicobacter pylori, ugonjwa wa siliaki (utumbo kudhurika kwa protini ya ngano), upasuaji wa tumbo, au kumeza omeprazoli, dawa ya kiungulia, kwa muda mrefu. Metformini, dawa ya kisukari, hupunguza B12 ikitumiwa miaka mingi.

Usisahau mambo ya kawaida: mimba zilizofuatana, kunyonyesha, kujitolea damu mara kwa mara (chupa moja huondoka na takribani miligramu 200 hadi 250 za chuma), na mtoto mchanga anayepewa maziwa ya ng'ombe kabla ya kutimiza mwaka.

## Hatua ya 5: Meza dawa inayolingana na chanzo

### Ukikosa chuma

1. Soma kiasi cha chuma halisi. Kidonge cha feras salfeti cha miligramu 200 kina takribani miligramu 65 za chuma. Feras glukoneti ya 300 ina kama 35 tu. Vidonge viwili vyenye ukubwa sawa si dozi sawa.

2. Mara nyingi mtu mzima hutosheka na kidonge kimoja kwa siku, au kimoja kwa kuruka siku, yaani leo unameza, kesho unapumzika. Dozi ya zamani ya mara tatu kwa siku bado inaandikwa, na ndiyo inayowakimbiza watu. Ukimeza chuma, ini hutoa homoni ya hepsidini inayozuia ufyonzaji kwa takribani saa 24. Vidonge viwili vinavyofuata siku hiyo, sehemu kubwa yake hubaki utumboni kukusumbua. Wajawazito wafuate dozi ya kila siku waliyopewa kliniki pamoja na asidi ya foliki. Watoto hupimiwa kwa uzito, kwa hiyo usikate kidonge cha mtu mzima ukakisia.

3. Meza kwa maji, tumbo likiwa tupu: saa moja kabla ya kula au saa mbili baada ya kula. Chungwa halidhuru, ila usitumie pesa kwa vidonge vya vitamini C kwa ajili hii tu. Faida yake juu ya kidonge cha chuma ni ndogo mno.

4. Kaa mbali, angalau saa mbili, na chai, kahawa, maziwa, kalsiamu na dawa za kiungulia.

5. Tenganisha na dawa nyingine. Chuma huzuia siprofloksasini na doksisaiklini zisifyonzwe. Dawa ya tezi, levothairoksini, iwekwe mbali kwa saa nne. Unatumia dolutegraviri, dawa ya virusi vya UKIMWI? Imeze saa 2 kabla ya chuma au saa 6 baadaye, ama vyote viwili kwa pamoja na chakula. Hili la mwisho linasahauliwa sana, na hasara yake ni dawa ya virusi kushindwa kufanya kazi.

6. Dawa ya maji hutia meno weusi. Tumia mrija, kisha sukutua.

7. Funga kabatini. Vidonge vya chuma vinafanana na peremende, na vichache tu vinaweza kumuua mtoto mdogo. Mtoto akivimeza, usingoje dalili. Kimbia hospitali na pakiti mkononi.

Chuma cha dripu kipo, na kinafaa pale vidonge vinaposhindikana, tumbo halifyonzi, damu inapotea kwa kasi, au mimba imekaribia mwisho na Hb iko chini. Kipewe mahali penye uwezo wa kutibu mzio mkali.

### Ukikosa B12 au foliki

Usianze asidi ya foliki peke yake ukiwa na chembe kubwa na hujapima B12. Foliki inaweza kuipandisha damu ikaonekana umepona, huku mishipa ya fahamu ikiendelea kuharibika. Ganzi miguuni, kuyumba ukitembea gizani na kusahausahau ni ishara za B12, na uharibifu ukikaa muda mrefu haurudi wote. B12 huanza kwa sindano hasa kukiwa na dalili hizo.

### Chanzo kikiwa kingine

Mwenye selimundu humeza foliki na mara nyingi hidroksiyurea. Hapewi chuma mpaka feritini ithibitishe anakihitaji. Mgonjwa wa figo mara nyingi huhitaji sindano za eritropoietini, ile homoni ya kuuamsha uboho, pamoja na chuma. Malaria na minyoo hutibiwa kwanza, au sambamba.

Kuongezewa damu si njia ya mkato. Kwa mgonjwa aliyetulia, hospitali nyingi hungoja Hb ishuke chini ya 7, au 8 kwa mwenye ugonjwa wa moyo. Mtu mwenye 9 anayetembea na kufanya kazi hana haja ya chupa.

## Hatua ya 6: Sasa chakula

Chakula hulinda damu iliyojaa, lakini kufukia shimo hakiwezi. Piga hesabu. Mtu mwenye lita 4 za damu akishuka kutoka 13 hadi 8, amepoteza gramu 200 za himoglobini. Kila gramu ina miligramu 3.4 za chuma, kwa hiyo pengo ni karibu miligramu 680, bila kuhesabu akiba. Mwili hufyonza miligramu 1 hadi 2 kwa siku kutoka kwenye chakula cha kawaida, na sehemu kubwa ya hiyo inafidia tu inayotoka kila siku. Utakula hadi lini?

Hata hivyo kula vizuri. Chuma cha nyama nyekundu, maini na samaki hufyonzwa kwa urahisi kuliko cha maharage, dengu na mboga za majani. Cha mimea kisindikize na tunda chachu au nyanya kwenye sahani ileile, na chai isogezwe angalau saa moja. Mjamzito asile maini kila mara, yana vitamini A nyingi inayoweza kumdhuru mtoto tumboni.

Na biti? Wekundu wake ni rangi, si chuma. Kunywa ukiipenda.

## Hatua ya 7: Pima tena, na usiache mapema

Rudi maabara baada ya wiki mbili hadi nne. Tarajia Hb kupanda kwa takribani gramu 1 katika wiki mbili, au 2 katika wiki nne. Ikifika kawaida, endelea na vidonge miezi mitatu zaidi. Hii ndiyo sehemu inayoachwa kuliko zote: nguvu zimerudi, uso umeng'aa, pakiti inatupwa. Lakini wakati huo damu imejaa na akiba bado ni tupu, na hedhi mbili tatu nzito zinakurudisha ulikotoka. Maliza kwa kupima feritini.

## Mambo yakienda kombo

Choo kimekuwa cheusi. Kwenye vidonge vya chuma ni kawaida. Kikiwa cha kunata, kinang'aa kama lami, kina harufu kali, nawe una kizunguzungu, hiyo ni damu. Nenda hospitali.

Kichefuchefu na tumbo kukaza. Ruka siku, au meza na chakula kidogo ukubali kupoteza sehemu ya dawa, au badilisha aina yenye chuma kidogo. Choo kikiwa kigumu, ongeza maji na mboga. Kidonge unachomeza kwa shida ni bora kuliko kizuri unachokiacha droo.

Namba haijapanda baada ya mwezi. Jiulize kwa mpangilio huu: ninameza kweli? Ninakishushia kwa chai? Bado natoka damu? Nina bakteria wa tumbo au siliaki? Je, ilikuwa talasemia au figo tangu mwanzo? Usiongeze dozi kabla hujajibu.

Ilipanda, ikashuka tena. Tundu halijazibwa. Rudi hatua ya 4.

Hb ni nzuri lakini nimechoka. Pima feritini na tezi ya shingo. Vikiwa sawa, uchovu una chanzo kingine, kuanzia usingizi hadi sonona, na chuma hakitausaidia.

Natamani udongo au barafu. Ni dalili inayojulikana ya kukosa chuma, hakuna cha kuona aibu. Mweleze daktari. Udongo huzuia chuma na unaweza kubeba mayai ya minyoo; hamu yenyewe hupungua matibabu yakikolea.

Maabara mbili, majibu mawili. Tofauti ya nusu gramu isikunyime usingizi. Chagua maabara moja ufuatilie hapohapo.

Naongezewa damu kesho, na chanzo hakijajulikana. Omba sampuli ya feritini, B12 na kipimo cha aina ya himoglobini ichukuliwe kabla chupa haijafunguliwa. Ikishaingia damu ya mtu mwingine, majibu yanachanganyika, na kipimo cha selimundu au talasemia huenda kikasubiri kama miezi mitatu.